Kijana wa Kiritiri na kijana wa Kisauni: rapu inasema nini ambacho magavana hawakusema kuhusu muguka

Tarehe 23 Mei 2024 Gavana wa Mombasa, Abdulswamad Shariff Nassir, alitia saini amri ya kupiga marufuku muguka kuingizwa, kuuzwa na kutafunwa katika kaunti yake. Kilifi ya Gideon Mung'aro ikafuata, na Taita Taveta ya Andrew Mwadime nayo ikafanya vivyo hivyo. Kabla wiki haijapita, Rais William Ruto alikutana na viongozi wa Embu wakiongozwa na Gavana Cecily Mbarire, na Ikulu ikatoa kauli kwamba marufuku hayo hayana nguvu, kwa kuwa muguka ni zao linalotambuliwa na sheria ya taifa na lina kanuni zake za mwaka 2023. Mahakama Kuu ya Embu nayo ikasimamisha amri za magavana wetu. Huku kwetu watu wakaandamana kuunga mkono marufuku, kule Embu wakaandamana kuyapinga.

Tangu siku hizo, kila aliyetaka kusema juu ya jambo hili amesema. Magavana, wabunge, mawakili, maimamu na maaskofu, wakulima na wafanyabiashara wamesema. NACADA nayo imetoa takwimu zake. Mmoja tu ndiye aliyetajwa sana na kuulizwa kidogo, naye ni kijana mwenyewe. Namaanisha vijana wawili: yule anayechuma majani kule Mbeere na Igembe, na huyu anayeyatafuna Kisauni na Likoni.

Lakini vijana hawa hawakunyamaza. Wamesema, tena kwa kirefu, katika rapu. Ndiyo maana leo naomba ndugu msomaji tuondoke kidogo kwenye mabishano ya sheria, tusikilize mistari. Nadai kwamba rapu ya kujieleza, ile ambayo mchanaji husema "mimi" na kutaja aibu zake mwenyewe, ni ushahidi ambao kamati zetu hazikuupokea. Na nadai kwamba ukiisikiliza ya Embu na Meru sambamba na ya Mombasa, utakuta ni kilio kimoja kinachotoka ncha mbili za barabara moja.

Rapu ya kukiri ni rapu gani?

Wengi wetu tukisikia rapu tunawaza majigambo: magari, minofu, mikufu na matusi. Hiyo ipo, na ina soko lake. Lakini tangu zamani kuna tawi la pili. Mwaka 1991 kundi la Geto Boys la Houston, Marekani, lilitoa wimbo uliowashangaza watu kwa sababu wanaume waliojulikana kwa ukali walikiri humo kwamba hawalali, wanaona vivuli na wana hofu ya kupoteza akili. Tupac Shakur akaja mwaka 1995 na wimbo wa kumlilia mama yake na kukiri ujana wake mbaya. Tangu hapo mchanaji wa mtaani amekuwa na ruhusa ya kusema, "Nimekosea, naumwa, naogopa."

Kenya ruhusa hiyo ililetwa na Kalamashaka wa Dandora. Wimbo wao "Tafsiri Hii" wa mwaka 1997 ulithibitisha kwamba Kiswahili cha mtaani kinaweza kubeba uzito wa maisha ya mtaani. Na tusisahau sehemu yetu. Ukoo Flani lilikuwa kundi la Mombasa kabla ya kuungana na wenzao wa Dandora na kuitwa Ukoo Flani Mau Mau. Sharama, Fujo Makelele, Cannibal na wenzao walichana kwa Kiswahili cha Pwani, wakieleza njaa, polisi na unga wakati magazeti yetu yalikuwa yanaandika juu ya watalii tu. Mwaka 2004 ilitoka albamu ya pamoja, "Kilio cha Haki", na jina lake linajieleza. Kwa ndugu zetu wa Tanga, Wagosi wa Kaya waliuliza hadharani mji wao umepatwa na nini. Leo Mombasa ina Kaa La Moto na kizazi kizima nyuma yake.

Kwa hiyo asiniambie mtu kwamba huu ni uhuni ulioletwa na televisheni. Hata kabla ya kinasa sauti, Mswahili alijua kuuchunguza moyo wake hadharani kwa ushairi. Al-Inkishafi ya Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, iliyoandikwa magofu ya Pate yakiwa mbele ya macho yake, ni mtu anauhoji moyo wake mwenyewe na kuukemea kwa kupumbazwa na dunia. Abdilatif Abdalla alitungia mashairi ya Sauti ya Dhiki kifungoni, kati ya 1969 na 1972, na yakachapishwa mwaka 1973. Na Lamu ya miaka ya 1970, tungo zilitembea nyumba kwa nyumba kwa kanda za kaseti, kama leo zinavyotembea kwa simu. Kijana anayesimama kwenye kichochoro cha Majengo akasema aliyoyatenda yuko karibu na babu zake kuliko tunavyokubali.

Sauti za kule majani yanakotoka

Kwanza tutenganishe mambo, maana huku kwetu watu wa bara huwekwa kapu moja. Miraa, au gomba, ni mti wa Meru, hasa vilima vya Nyambene: Igembe na Tigania, sehemu za Maua, Kang'eta na Laare. Ni mti wa heshima kule. Bunda lake lililofungwa kwa utaratibu maalumu hupelekwa ukweni, na wazee wa Njuri Ncheke wanaujua mti kama sisi tunavyoujua mnazi. Muguka ni jambo jingine. Ni kichaka kifupi cha Mbeere, upande wa chini wa kaunti ya Embu, sehemu kama Kiritiri na Ishiara, ambako mvua ni haba na mahindi hukauka yakiwa magotini. Miraa hutafunwa ganda la kijiti na ncha zake laini. Muguka hutafunwa jani. Muguka huchumwa mara kwa mara, huuzwa kwa bei ya chini, na ndiyo sababu umefika mpaka mfukoni mwa mtoto wa shule wa Pwani.

Majani haya yana haraka. Kemikali iliyomo, kathinoni, hupungua nguvu majani yanapokauka, basi kila kitu kinachoyahusu kinakwenda mbio. Kuchuma ni alfajiri, kufunga ni saa hiyo hiyo, na gari linaondoka likikimbizana na jua. Kila aliyewahi kusafiri barabara ya Meru anazijua pikapu za miraa na anajua kuzipisha.

Sasa sikiliza wanachokisema wachanaji wa kule. Nimetumia miezi kadhaa kusikiliza kazi za vijana wa Embu na Meru zinazopandishwa mtandaoni, nyingine zikiwa na watazamaji mia mbili tu, zimerekodiwa katika chumba kilichotandikwa magodoro ukutani. Wanachana kwa Sheng', wanachanganya Kimeru, Kiembu na Kimbeere. Nilipokwama niliwaomba rafiki zangu wa huko wanifasirie. Sitayanukuu maneno yao wala kutaja majina yao, kwa sababu nitakayoieleza hapo chini. Lakini mambo yanayojirudia ni haya.

La kwanza ni shule. Mvulana anaeleza jinsi alivyoanza kuchuma Jumamosi ili apate pesa ya kalamu, halafu akaongeza Ijumaa, halafu Alhamisi. Hakuna siku aliyoamua kuacha shule. Siku moja alijikuta hana sare inayomtosha. Pesa ya kuchuma hulipwa siku hiyo hiyo, na kwa mtoto wa miaka kumi na mitatu ni pesa nyingi kuliko aliyonayo mwalimu mfukoni. Walimu wa Igembe wamelilalamikia jambo hili kwa miaka mingi. Tofauti ni kwamba mchanaji analisema akiwa na miaka ishirini na tano, akiwa bado anachuma, na pesa ile haionekani tena kuwa nyingi.

La pili ni pesa isiyokaa. Inakuja kila siku, inaondoka kila usiku: pombe, kamari ya simu, mwanamke aliyeondoka, deni la duka. Baba alinunua shamba kwa miraa. Mwana anakodi chumba.

La tatu ni hofu ya soko. Hapa rapu inageuka kuwa somo la uchumi. Uholanzi ilifunga mlango kwa miraa mwaka 2013, Uingereza ikafunga tarehe 24 Juni 2014, na Meru ikapoteza masoko mawili makubwa ya Ulaya kwa mpigo. Machi 2020 Somalia ikasimamisha ndege za miraa, na hazikuruka tena hadi Julai 2022. Vijana wa Maua walikua katikati ya mapigo haya. Mei 2024 ikawa zamu ya Mbeere kuonja, pale Pwani ilipotangaza marufuku. Anayeishi kwa zao ambalo mtu wa mbali anaweza kulifuta kwa saini moja hujifunza kutopanga kesho.

La nne, na ndilo lililonishika, ni kwamba wao pia wanatafuna. Sisi tunadhani mkulima wa Embu anatutumia sumu na yeye anakunywa chai ya maziwa. Wachanaji wale wanakiri kukesha bila sababu, moyo kwenda mbio, kugombana na mama kwa maneno ambayo asubuhi hawayakumbuki vizuri, na kutaka kufa. Neno hilo la kufa linatajwa waziwazi, mara nyingi kuliko nilivyotarajia.

Sauti za kule majani yanakofika

Huku kwetu hadithi unaijua, lakini ipange upya kwa masikio ya mchanaji. Muguka unaingia asubuhi, unasambaa vibandani. Karanga pembeni, bigijii mdomoni kuondoa uchungu, na maskani inajaa. Kijana hana kazi. Alimaliza kidato cha nne, akangoja bandari, akangoja hoteli, akangoja mjomba wa Dubai. Jani linampa kitu ambacho mji haukumpa: saa nne za kujiona ana mipango. Kwenye maskani chini ya handasi kila mmoja ana biashara, ana nyumba, ana mke. Jua likizama, handasi inashuka, na mipango inashuka nayo.

Wachanaji wa Kisauni, Likoni na Kilifi wanaeleza hatua inayofuata kwa uwazi unaotisha. Usingizi hauji, basi kinatafutwa kidonge cha kuuleta. Kidonge kinazoeleka. Kuna anayeendelea mpaka kwenye unga. Kuna anayevutwa na kundi, maana Kisauni tumeyaona makundi kama Wakali Kwanza yakiajiri watoto ambao hakuna mwingine aliyewaajiri. Halafu karibu kila wimbo una mahali pale ambapo mama anatajwa: mama aliyeuza leso zake, mama anayelala na simu chini ya mto akiifunga kwa kitambaa, mama aliyeacha kumuuliza mwanawe anakotoka kwa kuwa anaogopa jibu.

Weka nyimbo hizo mbili pamoja, ya Kiritiri na ya Kisauni. Shule iliyokatika njiani. Pesa ya siku badala ya pesa ya mwaka. Usiku usiolalika. Mama. Na kwa wote wawili, mtu wa mbali asiyemjua ndiye mwenye kisu: huyu anamlaumu gavana wa Mombasa, yule anamlaumu mkulima wa Embu. Hakuna kati yao aliyetunga kanuni za mwaka 2023, na hakuna aliyealikwa Ikulu.

Mabishano ya wakubwa yalikosa nini

Nisieleweke vibaya. Siutetei muguka. Utafiti wa kitaifa wa NACADA wa mwaka 2022 ulikadiria kwamba Wakenya 964,737 wenye umri wa miaka 15 hadi 65 wanatumia miraa au muguka, yaani mmoja katika kila 28. Shirika la Afya Duniani liliiweka miraa katika orodha ya vitu vinavyotumiwa vibaya tangu 1980, ingawa kamati yake ya wataalamu mwaka 2006 haikuona sababu ya kuuweka mmea huo chini ya udhibiti wa kimataifa. Mtu akinionyesha wanafunzi wa darasa la saba wakitafuna nyuma ya shule, sina hamu ya kusikia kwamba ni zao la biashara.

Na kisheria, hoja ya Pwani ilikuwa na mguu wa kusimamia. Jedwali la Nne la Katiba linazipa kaunti kazi ya kudhibiti dawa za kulevya. Serikali kuu inajibu kwamba muguka ni zao, na mazao yana sheria yake. Jani hilo hilo ni dawa likifika Mtwapa na ni zao likiwa Kiritiri. Mahakama zitaamua mpaka uko wapi, na ni kazi yao.

Lakini angalia upungufu wa pande zote mbili. Embu ilipotetea muguka, ilitetea mapato. Ikulu ikaahidi shilingi milioni 500 katika bajeti kwa ajili ya zao hilo na wenzake. Mvulana aliyeacha shule kuchuma hakutajwa kama tatizo; alitajwa kama ajira. Pwani ilipopiga marufuku, ilipiga marufuku gari la majani. Kijana aliye maskani hakuambiwa kesho asubuhi aende wapi. Jani likikosekana, mwili wake utataka kitu kingine, na kitu hicho kingine kipo, tena kibaya zaidi. Wachanaji wetu wanalijua hilo vizuri kuliko washauri wa kaunti, kwa sababu wanaeleza mpangilio wenyewe: jani, kidonge, unga. Ukikata hatua ya kwanza bila kumshika mkono mtu, unaweza kumsukuma kwenye ya tatu.

Je, si vibaya kutangaza aibu?

Hapa nitakutana na pingamizi la watu ninaowaheshimu. Mzee mmoja wa mtaani kwetu aliniambia, "Mwanangu, Mwenyezi Mungu akikustiri, wewe unajifunua kwa nini?" Ana hoja. Dini yetu inamkataza mtu aliyestiriwa usiku kuamka asubuhi akajisifu kwa aliyoyafanya. Mila zetu za Pwani zimejengwa juu ya sitara: yaliyo ndani ya nyumba hayavuki kizingiti.

Nimelifikiria hili sana. Naona kuna tofauti kati ya kujisifu na kushtaki hali. Anayetangaza dhambi ili apate sifa, huyo anastahili kukemewa, na rapu ina wengi wa namna hiyo. Lakini anayesema "nilianza hivi, nikaangamia hivi, usinifuate" anafanya kazi ya muonyaji. Na pia tujiulize sitara yetu imemstiri nani. Kwa miaka mingi familia zetu zilificha waraibu wa heroini vyumba vya uani kwa jina la heshima, na wengi walitolewa humo wakiwa maiti. Sitara iliyokusudiwa kumlinda mja ikawa inalinda jina la ukoo.

Kuna hatari nyingine, na hii ndiyo sababu sikutaja majina. Anayekiri katika wimbo anakiri mbele ya kila mtu, na polisi wamo. Hadi juzi tu, kijana aliyechana kwamba alijaribu kujiua alikuwa anakiri kosa la jinai chini ya kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu. Ni tarehe 9 Januari 2025 tu ambapo Jaji Lawrence Mugambi wa Mahakama Kuu alikitangaza kifungu hicho kuwa kinyume cha Katiba. Fikiria: mgonjwa akisema anaumwa, sheria ilimjibu kwa pingu. Na Embu kwenyewe, Desemba 2024, kijana mmoja alichukuliwa mchana na watu waliojificha nyuso baada ya kuchapisha mtandaoni picha ya kumkejeli Rais. Alirudi kwao Januari. Hakuwa mchanaji na hakuwa anakiri lolote, lakini vijana wa mji ule walipata funzo kwamba kusema kuna bei. Kama tunataka wajieleze, lazima kujieleza kusigeuke kuwa hati ya mashtaka.

Hatari ya tatu ni soko la muziki lenyewe. Majeraha yanauza. Mchanaji akigundua kwamba wimbo wake wa machozi umetazamwa kuliko mingine, atashawishika kuendelea kulia hata jeraha likipona, au kutopona kabisa ili asikose la kuimba. Wasikilizaji tuna sehemu yetu katika dhambi hii. Tunasambaza wimbo, tunasema "huyu jamaa ana mistari", halafu hatumuulizi kama amekula.

Kukiri bila wa kupokea

Mfano ninaourudia akilini ni wa Langa Kileo wa Dar es Salaam. Alikuwa mmoja wa washindi watatu wa shindano la Coca-Cola Popstars mwaka 2004, akatoka na kundi la Wakilisha pamoja na Shaa na Witness. Baadaye alisema hadharani kwamba alizama katika dawa za kulevya, akaeleza alivyojitoa, na akatumia jina lake kuwaonya vijana. Alifariki dunia Juni 2013 akiwa bado kijana. Nakumbuka jinsi watu walivyompenda kwa ukweli wake, na najiuliza ni vijana wangapi waliomsikia wakaguswa, wakataka nao kuacha, wakakosa mlango wa kubisha.

Kukiri kunahitaji anayepokea. Pwani tumejifunza hilo kwa heroini. Mwaka 2015 kliniki za methadoni zilifunguliwa Malindi na Kisauni, na leo kuna mtu anayeweza kusema "mimi ni mraibu" akaelekezwa dirisha la kupokea dawa. Lakini methadoni ni ya heroini na jamaa zake. Haimsaidii aliyenaswa na muguka. Kwa huyo hakuna dawa ya kubadilisha. Kuna ushauri nasaha, usingizi uliorudishwa polepole, chakula, na shughuli ya kujaza mchana. Mambo hayo yote ni ya gharama ndogo kuliko kesi za mahakamani, na karibu hayapo.

Basi tufanye nini?

Natoa mapendekezo manne, yanayoweza kuanza bila kungoja hukumu yoyote.

Kwanza, kaunti za Pwani na Embu zikubaliane juu ya jambo ambalo hakuna anayelipinga: mtoto. Hakuna mkulima wa Mbeere niliyemsikia akidai haki ya kumuuzia mwanafunzi. Umri wa mnunuzi, umbali wa kibanda na shule, na umri wa mchumaji shambani vinaweza kuwekwa na kusimamiwa pande zote mbili kwa wakati mmoja. Nasisitiza mchumaji, kwa sababu sisi tukidai mtoto wa Kisauni asiuziwe na tukanyamaza juu ya mtoto wa Igembe anayechuma, tunawatetea watoto wetu tu.

Pili, kila kituo cha afya cha Kisauni, Likoni, Kilifi na Voi kiwe na mshauri anayejua uraibu wa majani, na milango iwe wazi jioni, wakati handasi inashuka, maana hiyo ndiyo saa ya majuto. Embu na Meru zinahitaji hivyo hivyo. Sehemu ya fedha zinazotozwa magari ya majani ingetosha kuanzia. Si haki kaunti ikusanye ushuru wa jani na kumwachia mama gharama ya matokeo yake.

Tatu, redio zetu. Pwani FM, Baraka, Rahma na Salaam ndizo zinazosikika jikoni na kwenye tuktuk. Zitenge saa moja kwa wiki kwa wachanaji wanaojieleza, lakini zisiwaache peke yao: awepo mshauri, awepo shekhe au mchungaji asiyekuja kuhukumu, na simu iwe wazi kwa wazazi. Na siku moja awekwe hewani mchanaji wa Kiritiri na wa Kisauni pamoja. Nina hakika dakika kumi za mazungumzo yao zitatuliza chuki ambayo wanasiasa wameipalilia tangu Mei 2024.

Nne ni sisi wenyewe nyumbani. Mzazi, mwanao akiwa na visikizi masikioni usiku kucha, usimnyang'anye simu kwanza. Muulize anasikiliza nini, na ukae usikilize naye wimbo mmoja hadi mwisho. Utakuta maneno yatakayokukera. Vumilia. Huenda wimbo ule unasema jambo ambalo yeye mwenyewe ameshindwa kukuambia, na anangoja aone uso wako utakuwaje ukilisikia.

Kesi ya muguka itaendelea, na atakayeshinda atashangilia. Upande wowote utakaoshinda, alfajiri itakayofuata kutakuwa na mvulana Mbeere anayeamka kuchuma badala ya kwenda shule, na mwingine Mombasa ambaye hajalala tangu jana. Wote wawili wameshasema kinachowauma. Kinachobaki ni magavana wao kukaa meza moja na kuwasikiliza, na mpaka leo sijaona barua ya mwaliko.